Karatasi ya Mama Shoto

Fundi cherehani alikutwa amelala kifudifudi juu ya suruali ya bwana harusi, kisogo kimepasuka, pasi ya mkaa kando yake. Mlango ulikuwa umefungwa kwa nje. Funguo zilikuwa tatu: ya marehemu, ya kaka yake, na ya msaidizi wake aliyeitwa Shoto, kwa kuwa kila kitu alikifanya kwa mkono wa kushoto.

Inspekta aliimaliza kazi kwa siku mbili. Kinyozi wa ng'ambo ya barabara aliapa kwamba alimwona mtu kwa mgongo, akifunga mlango kwa mkono wa kushoto. Mama Shoto naye aliapa kwamba mwanawe alikuwa nyumbani, akimkanda miguu. Lakini mama akimtetea mwanawe, nani humsikiliza? Hukumu ikasema shahidi huyo hawezi kuaminika. Kifungo cha maisha.

Ikapita miaka sita. Rufaa ya mwisho ilipangwa Jumatatu, na wakili wa serikali akamrudishia Inspekta jalada.

"Daktari aliandika pigo lilitoka nyuma, upande wa kulia," wakili alisema. "Mtu wa shoto hupiga huko?"

"Tulikuwa na shahidi aliyeona kwa macho yake."

"Akiwa amesimama wapi?"

Inspekta hakuwahi kuuliza.

Alikwenda kwa kinyozi, akaketi kitini.

"Afande, ninyoe nywele au kumbukumbu ya nywele?" kinyozi alimtania.

"Nyoa zilizobaki. Siku ile ulikuwa na mteja?"

"Nilikuwa namnyoa mtu ndevu."

"Ukisimama hivi?"

"Hivi hivi. Kinyozi akigeukia barabarani, mteja anaondoka bila sikio."

"Basi barabara uliionaje?"

"Si kupitia kioo hiki, afande!"

Ndani ya kioo, muuza vitabu wa ng'ambo alikuwa akifunga duka lake.

"Anafunga kwa mkono gani?"

"Kushoto."

"Geuka."

Kinyozi aligeuka. Wembe ukabaki hewani.

"Kulia," alisema. Akajikuta amekaa sakafuni, katikati ya nywele za watu. "Afande, sikudanganya."

"Najua. Hata mimi sikudanganya. Ndiyo balaa yenyewe."

Inspekta alivuka barabara, nywele zimenyolewa upande mmoja. Dukani, kaka wa marehemu alikuwa akikata kitambaa, mkasi mkono wa kulia.

"Shoto hakufunga mlango ule," Inspekta alisema. "Marehemu hakujifungia kwa nje. Amebaki nani?"

Mkasi ulisimama.

"Mimi ndiye niliyemfundisha mdogo wangu kushika sindano," yule kaka alisema taratibu. "Mwishowe wateja wakawa wananipita kama nguzo, wanamtaka yeye. Siku ile alinisukumia suruali. 'Kaka, wewe nishonee vifungo tu.' Vifungo, afande! Akanipa mgongo. Pasi nilikuwa nayo mkononi."

"Na Shoto? Miaka sita?"

"Kila siku nilingoja mtu aje aniulize. Hukuja."

Jumatatu, majaji watatu walitumia dakika kumi na mbili kumwachia Shoto huru. Alitoka na mfuko mmoja wa plastiki, akasimama kwenye ngazi. Mama yake hakukosa kesi hata moja, benchi la nyuma, hadi miezi minne iliyopita alipozikwa.

"Nikupeleke wapi, mwanangu?" Inspekta aliuliza.

"Usiniite mwanao." Shoto alitazama karatasi ya mahakama. "Hii ni yangu. Ya mama iko wapi?"

"Ya mama ipi?"

"Inayosema hakudanganya."

Serikali ina fomu za kila namna, lakini hiyo haina. Inspekta alichana ukurasa wa daftari lake, akaandika juu ya goti, akatia sahihi na tarehe.

Shoto aliisoma mara mbili, akaikunja kwa mkono wake wa kushoto.

"Andika na nyingine," alisema. "Hii naenda kumsomea mama. Hiyo utakaa nayo wewe."