Kitufe cha Kijani

Mwanamke ambaye fundi cherehani hakumjua alisimama mlangoni mwake, simu mkononi. Fundi alikuwa akikunja pindo la sketi.

"Karibu, dada. Umeleta kitambaa?"

"Nimeleta ujumbe uliomtumia mume wangu. Soma."

Fundi alisoma polepole. *Nimekukumbuka. Njoo tuwe pamoja.* Pembeni ilikuwapo picha yake mwenyewe.

"Sikuandika mimi. Huyu nilimshonea suruali tu."

"Ndiyo. Ukampima mpaka ukamkumbuka."

Wifi yake, fundi simu wa chumba cha pili, alisikia akaja.

"Wifi, kaka yangu anazijua habari hizi?"

"Hata wewe?" Fundi alikaribia kulia. "Jana nilifungua ile programu ninamoweka picha za mishono yangu, basi."

Wifi aliichukua simu ya fundi cherehani, akaifungua programu. "Ilikuuliza kitu?"

"Iliuliza. Mimi nasoma taratibu. Nikaona kitufe kikubwa cha kijani, nikabonyeza. Kijani si salama?"

"Wanataka udhani hivyo. Tazama, inauliza tena."

Kitufe cha kijani kilisema: *Alika watu wote*. Chini yake, kwa kijivu hafifu juu ya nyeupe, paliandikwa: *Sitaki*.

Mgeni alikodoa macho. "Kumbe ni maandishi? Nilidhani vumbi."

"Wameyafifisha makusudi. Rangi inavuta kidole kabla hujasoma. Ukiona kitufe kimoja kinang'aa, kwanza tafuta cha pili." Wifi akatazama simu yake, akacheka kwa aibu. "Nami nimekumbukwa. Programu imewaandikia kwa jina lake wote waliomo kwenye simu yake."

Mgeni hakucheka. "Iondoe. La sivyo kesho itamkumbuka tena."

"Nitaiondoa sasa hivi, mbele yako. Nakuahidi," fundi cherehani alisema, akachukua simu yake.

Lakini programu ilitoa onyo: akiondoka, picha zake zote zitafutika. Zilikuwa picha za nguo alizoshona kwa miaka mitatu. Wateja walichagulia humo.

"Wifi, haziwezi kuhamishwa?"

"Wamezifungia humo humo."

Mgeni alizitazama zile nguo. Sauti yake ikashuka. "Basi acha, dada. Nimeshaelewa."

Kitufe cha kijani kilisema: *Baki*. Fundi alikipita. Alisoma herufi moja moja mpaka akayapata maneno ya kijivu: *Futa na uondoke*.

"Nimeshaahidi," alisema, akabonyeza.

Picha zikatoweka. Mgeni akavua viatu, akaingia ndani, akaketi karibu naye.