Mtumishi Katikati ya Mto

Harufu ya mto iliingia ndani ya jumba la sinema mchana wa jua kali. Ofumi, aliyekuwa akipiga kinanda cha nyuzi tatu mbele ya pazia, alinusa mkono wake, akamgeukia mumewe, Tsunezo.

"Baba Kiku, umekanyaga matope?"

"Matope Osaka, na ukame huu? Piga kinanda, bibie."

Picha za wakati ule zilikuwa bubu. Tsunezo ndiye aliyekaa kando ya pazia akiwasemea wote: bwana mkubwa wa ngome, na mtumishi anayembeba mgongoni kuvuka mto. Watu walikuja kumsikia mtumishi. Tsunezo alikuwa amempa kigugumizi.

"B-b-bwana, m-m-maji!"

"Ongeza! Ongeza!" walipiga kelele, wakimwaga chai kwa kicheko.

Kigugumizi kile hakukibuni. Kilikuwa cha rafiki yake Yasuke, aliyemwigiza mtumishi yule, kisha akafa kwa baridi ya mto uleule. Yasuke alipenda picha kwa sababu moja, na alimwambia Tsunezo peke yake: "H-humu hakuna atakayenisikia."

Leo mtumishi alifika katikati ya mto, akasimama. Akageuza uso. Akamtazama Tsunezo palepale alipokaa gizani, na maji yakaanza kuvuja chini ya pazia, kimyakimya, yakalowesha mikeka, yakapanda miguuni mwa Ofumi, huku watu wakiendelea kucheka kana kwamba wamekaa pakavu, na Tsunezo akahisi mtu aliyelowa chapachapa akimpanda mgongoni, mikono ya barafu ikimzunguka shingo, pumzi ikimgusa sikio, ikingoja.

"Ni Yasuke," Ofumi alinong'ona. "Umemfanya nini?"

Tsunezo alishindwa kumtazama. "Aliniachia siri yake. Nimeichekeshea watu."

"Ole wetu! Mrudishie sauti yake!"

Akamsemea mtumishi upya, kwa sauti laini isiyokwama: "Bwana, maji ni baridi. Nishike vizuri, nitakuvusha."

Kicheko kikafa. Mtumishi akageuka, akavuka. Maji yakatoweka, na mgongo wa Tsunezo ukawa mwepesi.

Ng'ambo ya mto, bwana mkubwa alifumbua kinywa kutoa amri. Tsunezo akafumbua chake.

"M-m-m-m…"

Jumba likalipuka. "Leo bwana mkubwa kapatikana!"

Alijaribu tena. Alijaribu mpaka taa zikawashwa, mpaka watu wakatoka wakimwigiza hadi barabarani.

"O-O-O…" alimwita mkewe.

Ofumi alimziba mdomo kwa kiganja ili asiendelee kusikika. Kiganja kilinuka mto.