Hodi Isiyozimika

Jamani mlio na familia, sogeeni niwasimulie. Asubuhi hiyo nyumba ya Fundi Video ilikuwa shwari: chai mezani, sakafu imepigwa deki, mkewe anavaa viatu aende kazini.

"Baba watoto, mama anakuja leo. Goti linamsumbua, asisimame nje kama mara ile. Safari hii akiondoka kwa hasira, na mimi naondoka naye."

"Ondoa shaka, mke wangu," Fundi alijibu, macho yakiwa kwenye kompyuta.

Alikuwa akiandika, kwa lugha ya kompyuta iitwayo Java, programu ya kuchezesha video kwenye simu za kioo kidogo. Video ya kujaribia alikuwa nayo moja tu: mama mkwe wake amesimama mlangoni, anaita, "Hodi wenyewe! Hodi!" Tatizo lilikuwa kitufe cha kusimamisha. Ukikibonyeza, picha inaganda lakini sauti inaendelea.

Akarekebisha, akaijaribu kwenye simu yake, akabonyeza. Picha ikaganda.

"Hodi wenyewe!"

"Bado tu!" Akafuta, akaandika upya.

"Hodi jamani, goti!"

Fundi akakuna kichwa. Goti limeingiaje kwenye video? Wewe na mimi tungekimbilia mlangoni. Yeye akapunguza sauti.

"Mvua inanyesha huku!"

Akazima simu.

"Mkwe, nakuona dirishani!"

Akachomoa betri.

Mkewe aliporudi mchana alimkuta mama yake amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, ameloa chapachapa. Aliingia chumbani akatoa begi. Hapo ndipo Fundi alipoogopa kweli, akapiga magoti na betri bado mkononi.

"Mama, nisamehe. Nilidhani ni programu."

"Nilikuona ukinizima," mama mkwe alisema. Akamgeukia bintiye. "Rudisha begi. Haondoki mtu. Ila huyu atoke, apige hodi mpaka nisikie."

Fundi akaweka betri mezani, akatoka mvuani. "Hodi! Hodi mama!"

Ndani, mama mkwe alijimiminia chai, akarudisha betri kwenye simu, akaicheza ile video na kubonyeza kitufe. Picha na sauti vikasimama pamoja. Kumbe kitufe kilikuwa kimepona tangu asubuhi!

"Hodi jamani, naloa!"

"Mwanangu," mama mkwe alimwambia bintiye, akipuliza chai, "mbona nimeisimamisha na sauti haikomi?"

FUNZO

Kazi ni nzuri, ifanyeni. Lakini ndugu zangu, anayekuita nyumbani kwako mwitikie kwanza, ndipo ukague mashine. Watu wako hawana kitufe cha kusimamisha, na siku wakinyamaza wenyewe, hakuna fundi wa kuwarekebisha.