Fimbo ya Ukutani

Kila Jumamosi Kisiki alifagia sebule, akapangusa viti, kisha akapanda kwenye stuli kupangusa fimbo ya ukutani. Kisiki lilikuwa jina la nyumbani tu. Binti huyu akishakataa jambo, hata asukumwe na watu wangapi, hang'oki.

Fimbo hiyo, kwa maneno ya Baba Mkubwa, ilikuwa ya chifu. Mgeni alionyeshwa hata kabla hajakaa vizuri. "Ya babu yangu mzaa mama hiyo," Baba Mkubwa alisema akijipiga kifua. "Akiigonga chini, watu mia wanasimama." Kila mwaka watu hao waliongezeka. Mara ya mwisho walikuwa wamefika elfu.

Jumamosi moja Kisiki aliishusha fimbo aipake mafuta aende nayo shuleni, kwa sababu mwalimu alitaka kila mwanafunzi asimulie habari za mtu mmoja wa ukoo wake, mbele ya wazazi. Ndipo alipoona kwamba ncha ya chini haikuchongwa. Ilikuwa imevunjika, tena imeungua. Na pale pa kushikia palikuwa pamelika upande mmoja, sawasawa na mwiko wa Bibi. Akaenda nayo jikoni.

Bibi alikuwa akichambua maharage.

"Bibi, hii ni fimbo kweli?"

"Nimengoja miaka mtu aniulize," Bibi alisema. "Huo ni mwiko wa baba yangu. Alikuwa mpishi wa watu waliojenga barabara. Masufuria yao yalikuwa makubwa, miiko ya dukani haifiki chini, akajichongea wake. Mimi nimekulia kwenye ukoko wa masufuria yale. Bapa lake lilivunjika kazi ilipokaribia kuisha."

"Na chifu?"

"Chifu ni wa baba yako mkubwa. Alipokuwa mdogo, wenzake walimcheka kwamba babu yake mpishi. Akawatungia chifu. Nikaona ni utoto, nikanyamaza. Sasa ana mvi, na chifu bado anatawala sebuleni."

Kisiki alicheka mpaka akakaa chini. Kisha kicheko kikamwisha. Ilimuuma kwamba mtu aliyelisha umati ule wote amefichwa nyuma ya chifu ambaye hakuwahi kuwapo.

Jioni alimwambia Baba Mkubwa bila kuzunguka. "Shuleni nitasema alikuwa mpishi."

Baba Mkubwa aliweka kikombe chini. "Mbele ya watu wote? Utasema chifu, la sivyo fimbo haitoki hapa."

"Basi ibaki."

"Unanijibu?"

"Heshima nakupa, Baba Mkubwa. Uongo siwezi."

Baba Mkubwa akaifungia fimbo kabatini, ufunguo akautia mfukoni. Kisiki naye akaenda kwa fundi seremala, akaomba kipande cha mbao. Kila akitoka shule alikaa uani akichonga, Bibi akimwelekeza. "Kisu usikielekeze kidoleni. Usilazimishe, fuata mti unavyotaka." Mikono ilimtoka malengelenge, na mwiko ulipokamilika ulikuwa umepinda. Hakujali, aliuchonga mwenyewe.

Siku yenyewe Baba Mkubwa alikaa safu ya mbele na koti lake jeusi. Wanafunzi wakaanza kusimulia. Huyu babu yake jemadari, yule babu yake tajiri wa ng'ombe. Ungewasikiliza ungedhani zamani hakukuwa na mtu wa kuosha vyombo. Zamu ya Kisiki ikafika. Alisimama na mwiko wake.

"Baba yake Bibi alikuwa mpishi," alisema.

Darasa likaangua kicheko. Baba Mkubwa akainamisha kichwa. Kisiki hakung'oka.

"Chekeni. Mkimaliza nina swali. Nani hapa hajala leo?" Alingoja. Hakuna aliyenyoosha mkono. "Basi kuna mtu aliyewapikia. Wangu aliwapikia wajenzi wa barabara kila siku, kwa mwiko aliouchonga mwenyewe. Bila yeye wangejenga nini na njaa?"

Kicheko kikakatika. Mwalimu akauchukua ule mwiko uliopinda, akaugeuza, akaupitisha darasani kila mtu aushike.

Nyumbani, Baba Mkubwa aliingia jikoni na koti lake, fimbo mkononi. Kisiki alidhani amekuja kumgombeza, akasimama imara.

"Walinicheka sana, Mama," Baba Mkubwa alisema, kana kwamba ni jana.

"Walikuwa watoto," Bibi alimjibu. "Huyu naye leo amechekwa, na amesimama, kwa sababu hana cha kuficha. Mwanangu, kazi halali iliyotulisha haina aibu. Aibu ni kumfuta mzee wa watu ili sisi tuonekane wakubwa." Kisha akampa mwiko wa Kisiki. "Koroga, maharage yanashika."

Baba Mkubwa akakoroga, na koti lake mwilini.

Fimbo ilirudi ukutani. Haukupita muda akaja mgeni, akauliza fimbo ile ni ya nani. Baba Mkubwa alikohoa, akamtupia jicho Kisiki, aliyesimama mlangoni mikono kiunoni.

"Ni mwiko," alisema. "Wa babu yangu. Alikuwa mpishi. Na usicheke, chakula chetu hujala bado."