OB Mbili, Mlango Mmoja

Filister alishona sare za shule katika kijiji cha Soweto West, Kibera. Mama huyu alipenda maswali kuliko chai. Kwa nini hivi? Nani alisema? Majirani walimcheka, lakini wapi! Hakukoma.

Chumba chake alikipanga kwa mzee Fadlalla. Mzee alipofariki, watoto wake wawili walianza kuvutana. Ruweida, anayeishi Kibera, alisema chumba ni chake. Nabil, aliyehamia Gatina kule Kawangware, alisema ni chake. Wapiganapo fahali wawili, ziumiazo nyasi. Na nyasi hapa ni nani, kama si Filister?

Siku moja Nabil alimtumia ujumbe: "Jumatatu nakuja kung'oa mlango. Hama."

Jamani! Chumba bila mlango, Kibera? Cherehani ingelala salama wapi? Ndani mlikuwa na sare arobaini za watoto, na shule zilikuwa karibu kufunguliwa. Filister aliogopa sana.

Alikimbia kituo cha polisi, akaandikisha malalamiko yake. Akapewa nambari ya OB kwenye kikaratasi.

"Nani atanigusa sasa?" alijigamba kwa Ruweida. "Mwenye OB ndiye mwenye haki!"

Jumatatu asubuhi Nabil alifika na fundi mwenye nyundo na mtaimbo. Nyuma yao alitembea askari, Koplo Nzembi. Kabla koplo hajafika mlangoni, fundi alikuwa amekwisha kung'oa bawaba ya juu. Mlango ukalala upande.

"Wacha kwanza!" koplo alifoka. "Nani amekuambia ung'oe?"

"Afande, si tumekuja na wewe?" Nabil alishangaa. "Na niko na OB!"

"Hata mimi niko na OB!" Filister akachomoa yake.

Waliziweka pamoja. Nambari mbili, kituo kimoja. Filister akasahau hofu. Alitaka kujua.

"Sasa afande, ya kweli ni gani?"

Koplo alicheka. "Zote. OB ni kitabu cha kuandika yale mnayotuambia. Haisemi mali ni ya nani, hata ukiwa wa kwanza kufika."

"Basi wewe umekuja kufanya nini?"

"Nabil alisema anaogopa kupigwa akija hapa, akaomba ulinzi. Nimekuja ili mtu asiumizwe na mali isiharibiwe. Ya kwake, na yako pia, mama."

"Kwani huwezi kuamua tu, tumalize?"

"Nikiamua mimi leo, kesho mwingine ataleta askari mwingine aamue vingine. Tutafika wapi?" Akamgeukia Nabil. "Urithi wenu upelekeni mahakama ya Kadhi. Na kumtoa mpangaji kwa nguvu, mpaka uwe na amri ya korti. Ukiwa nayo, tutakuja kulinda amani amri hiyo ikitekelezwa. Leo huna. Huyu fundi akigonga tena, namshika."

Fundi akaficha nyundo nyuma ya mgongo. Majirani waliokuwa wamekusanyika waliangua kicheko. Nabil aliondoka amenuna, bawaba ikiwa mfukoni mwake.

Filister alifunga mlango kwa kamba, akamaliza sare zake. Watoto walizivaa shule zilipofunguliwa. Ruweida na Nabil nao walikwenda kwa Kadhi, wakasikizwa wote wawili. Miezi ikapita. Uamuzi ulipotoka, Ruweida alipewa vyumba vingine vya mzee. Chumba cha Filister kilikwenda kwa Nabil. Filister akaanza kujiuliza atahamia wapi.

Siku ya tatu alisikia mtu akibisha. "Hodi!"

Alikuwa Nabil. Hakuja na fundi wala askari. Alitoa ile bawaba mfukoni, na nyundo kwenye kikapu.

"Sikuja kukutoa, mama. Nimekuja kurudisha hii."

"Na siku ukitaka kunitoa?" Filister aliuliza. Ataacha maswali lini, huyu mama?

"Nitakuandikia notisi, nikupe muda. Tukikosa kuelewana, tutaenda kortini."

"Na mlango?"

Nabil akaona aibu, akacheka. "Mlango nitaugonga kwa mkono tu. Hebu nishikie."

Filister akaushika mlango, Nabil akapiga misumari.