Diski Yenye Duara

Diski ile ilikuwa na joto. Haikuwa imepigwa na jua, wala haikuwa imeingia kwenye mashine yoyote asubuhi hiyo. Ilitoka moja kwa moja kwenye mkoba wa dada yake, imeviringishwa kwa kitambaa cheupe kana kwamba ni yai, na fundi alipoiweka kiganjani akahisi joto la paji la mtoto mwenye homa.

"Mbona ya moto hivi?" aliuliza.

"Ilikaa karibu na simu," dada yake akajibu upesi. "Hizo diski nyingine nilizokuletea ukiziweza sawa, usipoziweza basi. Lakini hii usiiache, mdogo wangu. Hii ndiyo anayoipenda Kapteni."

Kapteni alikuwa mwanawe wa pekee, kijana aliyepagawa na gemu za mpira, ambaye tangu mvua zilizopita alikuwa hasemi. Alisikia, alikula, alitikisa kichwa, lakini sauti haikutoka. Homa ilimpanda kichwani, ndivyo dada mtu alivyowaambia ndugu, na madaktari wamesema atarudi taratibu. Sasa mashine yake ya gemu ilikuwa imezeeka, haisomi diski. Angewekewa gemu zake kwenye flashi, huenda akicheza angechangamka.

Nani angekataa? Dada huyu ndiye aliyemlea fundi baada ya mama yao kufariki. Aliacha shule, akafua nguo za watu mpaka vidole vikachubuka, ili mdogo wake asomee umeme. Angemwambia aruke kisimani, fundi angeuliza tu kama avue viatu kwanza.

Mtaani walimwita Fundi Mkwaruzo. Kazi yake ilikuwa kuchukua diski za gemu za zamani, zilizochakaa na kuchubuka, na kuzinakili kwenye flashi ili mashine kuukuu zicheze bila diski. Mafundi wa kazi hiyo walikuwapo wengine, na baadhi walikuwa wa bei rahisi kuliko yeye, ila walikuwa na tabia moja. Kompyuta ikifika sehemu mbovu ya diski huuliza: niruke, au nijaribu tena? Wao walibonyeza ruka, wakaenda zao kunywa chai. Mteja akifika nyumbani anakuta mechi inaishia kipindi cha kwanza, au golikipa hana kichwa. Fundi Mkwaruzo hakuruka. Angeifuta, angeiacha ipoe, angeihamishia mashine nyingine, angejaribu tena na tena mpaka isomeke. Hilo lilikuwa jina lake na heshima yake, na dada yake alilijua kuliko mtu yeyote.

Diski ya Kapteni ilikuwa na mkwaruzo mmoja tu: duara kamili, katikati ya kitovu na ukingo. Fundi akacheka peke yake. Mashine ikipigwa teke huku diski inazunguka, lenzi huchora duara, na Kapteni akifungwa bao alikuwa hodari wa mateke. Lakini mkwaruzo wa lenzi huwa mpana na wenye kingo chafu. Huu ulikuwa mwembamba kama unywele, na ulifunga pale pale ulipoanzia. Jicho la fundi lililiona hilo. Lakini moyo ulikuwa kwa mpwa wake, akaiweka diski kwenye mashine.

Alasiri binti yake akarudi kutoka shule. Jina lake la nyumbani lilikuwa Chiriku, na hakuna aliyewahi kuuliza sababu. Alianza kusema kabla hajavuka kizingiti.

"Baba, unajua mwalimu wetu leo kavaa viatu viwili tofauti? Na hajui! Kimoja cheusi, kimoja kahawia. Mimi nikataka kumwambia, halafu nikasema aah, si juzi alinitoa nje? Basi aende navyo hivyo hivyo mpaka kwake!" Akacheka mpaka akashika tumbo.

"Una roho mbaya wewe," baba mtu akasema, naye akicheka.

Kompyuta ilikuwa imesimama kwenye duara. Niruke? Akabonyeza jaribu tena. Lenzi ikalia tik, tik, ikanyamaza. Niruke? Jaribu tena. Akaitoa, akaifuta kwa kitambaa laini, na harufu ikapanda, harufu ya maji ya maua yaliyosahauliwa kwenye chupa mpaka yakaoza. Akafungua dirisha. Niruke? Jaribu tena. Safari hii lenzi haikulia. Kutoka ndani ya mashine, mahali pasipo na kitu ila mota na kioo, ilitoka pumzi moja ndefu, kama ya mtu aliyezamishwa majini muda mrefu na sasa kichwa chake kimepasua uso wa maji, na kabla fundi hajajua kama ameisikia au ameiwazia tu, kompyuta ikaandika kwamba kazi imekamilika, yote, bila sehemu hata moja iliyorukwa.

"Nijaribu mimi!" Chiriku tayari alishaishika pedi ya kuchezea. Kujaribu gemu ilikuwa kazi yake, na hakutaka ichukuliwe na mtu.

Kwenye televisheni ukatokea uwanja wa mpira, majukwaa matupu. Mchezaji mmoja tu alisimama katikati, amewapa mgongo. Sauti nzito ya mtangazaji ikauliza, polepole: "Nani anacheza?"

Chiriku hakuwahi kuliacha swali lipite. "Mimi!" akasema.

Hapo simu ikalia. Alikuwa dada yake, analia na kupiga vigelegele kwa pamoja. "Ameongea! Kapteni ameongea! Ameniita mama, nimesikia kwa masikio yangu!" Halafu, katikati ya kilio, akauliza: "Umeimaliza ile diski, eh? Umeimaliza yote?"

"Yote, dada! Mungu mkubwa!" Fundi akageuka, machozi ya furaha yanamtoka. "Chiriku! Kaka yako amepona!"

Mtoto alikuwa anamtazama. Mdomo wake ulikuwa wazi, ulimi unacheza, mishipa ya shingo imesimama, na hakikutoka kitu. Sauti ilitoka kwenye televisheni, nyuma yake, changamfu kama kawaida: "Baba, unajua mwalimu wetu leo kavaa viatu viwili tofauti? Na hajui!"

Kikafuata kile kicheko.

Fundi alichomoa waya wa umeme. Kicheko hakikukatika.

Tangu siku hiyo nyumba ilikuwa na mtoto mmoja na watoto wawili. Mmoja alikaa kwenye kona ya kitanda amekumbatia magoti. Mwingine alisikika tu. Alisikika chini ya sinki, alisikika ndani ya kabati la nguo, na usiku alisikika barazani akibisha mlango taratibu kwa kucha, akisema baba nimefungiwa nje, baba kuna baridi, baba huyo uliyelala naye si mimi, kwa sauti ile ile, kwa kudeka kule kule, hata fundi akajikuta amekwisha kuweka miguu sakafuni na mkono umeshafika kwenye komeo.

"Baba Chiriku." Mkewe alinong'ona gizani. "Usimwitikie."

"Ni mwanangu yule."

"Mwanao yuko hapa, katikati yetu. Mshike mkono. Mshike nakwambia!"

Akaushika. Ulikuwa mdogo na wa baridi, nao ukambana vidole kwa nguvu zote. Nje kucha zikaendelea.

Mkewe ndiye aliyesikia habari za mganga, mama mmoja wa makamo aliyefanya kazi zake kwenye chumba nyuma ya duka la cherehani. Hakuwa na mbwembwe. Alivaa miwani ya kusomea, akamtazama Chiriku mdomoni, akaomba kuona alichokuwa anacheza. Fundi akatoa flashi na diski. Mganga alipoiona diski aliivuta kwa ncha ya kitambaa, akaiinua mwangani.

"Duara hili nimelichora mimi," akasema. "Kwa sindano. Nani kakuletea?"

"Dada yangu."

Mganga akavua miwani. Kisha akaeleza bila kupamba. Jini yule hula sauti. Alikuwa amemwingia Kapteni, naye mganga akamtoa na kumfungia kwenye kitu ambacho mtoto alikipenda. Lakini jini alifungwa akiwa na sauti ya mtoto tumboni. "Nikamwambia mama yake, kaizike. Atachoka, ataiachia sauti kidogo kidogo, mwaka, miaka. Nikamwonya pia: isifunguliwe katika nyumba ya mtu, maana akipata sauti mpya ataitema ya zamani siku hiyo hiyo. Nilimwambia ili aogope."

"Na ili ifunguliwe?"

"Mpaka mtu alisome duara lote. Nilidhani haiwezekani. Mashine zote huliruka."

Fundi alihisi aibu kabla ya hasira. Ule ufundi aliojivunia, subira yake, jina lake la mtaani, dada yake alivichukua vyote akavitumia kama bisibisi. Kikulacho ki nguoni mwako, wahenga hawakukosea. Lakini hawakusema kwamba kinaweza kuwa ndicho kilichokuvisha hiyo nguo.

Alikwenda kwa dada yake jioni hiyo. Alimkuta uani anaanua nguo. Ndani Kapteni alikuwa anaimba.

"Ulijua," fundi akasema.

Dada yake hakukana. Aliendelea kukunja shati la mtoto. "Nilijua."

"Kwa nini kwangu, dada? Mafundi wamejaa mji mzima!"

"Wangeruka," akasema. "Wewe usingeruka."

"Nina mtoto!"

"Na mimi ninaye mmoja. Wewe bado kijana, mkeo kijana." Sasa alimtazama, macho makavu. "Nilikulea. Niliacha kila kitu kwa ajili yako, na sijawahi kukuomba kitu. Sijawahi. Hiki kimoja tu."

"Basi mwite wewe. Mganga anasema akiitwa na mtu mzima kwa hiari yake atamwacha mtoto. Njoo umwite, dada. Nakupigia magoti."

Kutoka ndani wimbo ulikatika. "Mama, ni mjomba huyo?" Kapteni aliuliza, kwa sauti yake mpya iliyokwaruza. "Mwambie asinirudishie yule jini."

Dada yake akachukua nguo zake, akaingia ndani, akafunga mlango. Fundi alisimama uani akitazama kamba tupu. Damu nzito kuliko maji, walimfundisha hivyo tangu utoto, na aliyemfundisha alikuwa upande wa pili wa mlango, anageuza ufunguo.

Basi akafanya mwenyewe. Mganga alimkanya. Sauti ya mtoto, alisema, jini huishika tu, ni ndogo, haimtoshi. Sauti ya mtu mzima aliyeitoa kwa hiari huivaa kama shati. "Nitahitaji siku chache kuandaa vitu nije nimfunge tena. Siku hizo utakuwa mikononi mwake."

"Mwanangu ataongea?"

"Ataongea."

Alikaa mbele ya televisheni ile ile, akachomeka flashi, akashika pedi. Uwanja ulikuwa mtupu, mchezaji amempa mgongo. Nani anacheza? "Mimi," akasema. "Mwache mtoto. Njoo kwangu." Na mchezaji yule, ambaye tangu mwanzo alikuwa hajageuka, akaanza kugeuka, polepole, bega kwanza, kisha shingo, huku harufu ya maua yaliyooza ikijaa chumba mpaka ikawa ladha mdomoni, na fundi akaona kwamba chini ya macho mchezaji hana kitu kingine ila mdomo, mdomo mpana uliofungwa, unaotabasamu bila kufunguka, akataka kupiga kelele, na kelele ikashuka chini badala ya kupanda.

Nyuma yake Chiriku akasema, "Baba?"

Lilikuwa neno tamu kuliko yote aliyowahi kusikia, na hakuweza kulijibu. Alimwandikia mkewe ujumbe kwenye simu: nenda na mtoto kwa mama yako, msirudi mpaka mganga aje. Ukawa ujumbe wake wa mwisho. Kulipokucha mikono ililala mapajani, haikumsikiliza tena.

Dada yake alikuja siku iliyofuata. Alikuwa amesikia kwamba Chiriku anaongea, akadhani mganga amemaliza kazi. Alimkuta fundi ameketi kwenye kiti chake, mbele ya televisheni, na alipoona hamwangalii wala hamsalimu akapiga magoti palepale sakafuni.

"Nisamehe, mdogo wangu. Uchungu wa mwana ulinipofusha. Sili, silali. Nitukane basi, nipige, lakini usininyamazie."

Fundi alikuwa na mambo mawili tu ya kumwambia. La kwanza, kwamba hajamsamehe, na hatamsamehe mpaka kaburini. La pili, kwamba akimbie. Aliyasukuma yote mawili kwa nguvu zake zote mpaka macho yakatokwa machozi. Dada yake aliyaona machozi, akayaelewa vibaya, akamshika mikono.

Mdomo wa fundi ukafunguka.

"Nimekusamehe, dada yangu," sauti yake ikasema. "Yaliyopita si ndwele, tugange yajayo."

Dada yake alilia kwa kwikwi, akamlalia magotini. "Nilijua. Nilijua tu. Wewe hujawahi kunikatalia."

"Kapteni hajambo?"

"Hajambo! Anaimba kutwa."

"Nimeikumbuka sauti yake. Mlete kesho ashinde hapa, acheze gemu."

"Nitamleta asubuhi na mapema." Akainuka, akajifuta uso, mwepesi kama aliyetua mzigo, akaelekea mlangoni. Na fundi, amekaa na hasira yake yote na huruma yake yote ndani ya mwili usiomtii, alisikia sauti yake mwenyewe ikimwita dada yake kutoka nyuma, kwa upole ambao yeye hakuwahi kuwa nao hata siku moja, ikimkumbusha amvalishe mtoto sweta, maana humu ndani kuna baridi.