Kamera Haikutikisika

"Zima," Mirasol alisema.

Ukumbi wa shule pale mjini Miagao ulikuwa umejaa, watu wanajifuta machozi. Kwenye kitambaa cheupe cha filamu alikuwa yeye mwenyewe, siku ya msiba wa baba yake, anaanguka kando ya jeneza, kandambili moja imemtoka mguuni.

Delfin, mchumba wake, alikuwa amekaa ubavuni pake. Filamu ni yake. Ameipiga mwenyewe, ameigharamia mwenyewe mpaka pikipiki ikauzwa. Hakuwa amemwambia kwamba na msiba umo.

"Zima, Delfin."

Hakuzima. Watu wakapiga makofi, Mirasol akatoka kwa mlango wa nyuma.

Delfin alimkuta bombani, ananawa uso. Akaanza kumweleza kwamba hakuna picha nzuri kama ile, kwamba watu wa tamasha la Manila wameichukua filamu kwa sababu ya kipande hicho.

"Nimejiona naanguka," Mirasol alisema. "Na unajua nimeona nini tena? Picha yako haikutikisika. Ulikuwa hapo hapo karibu yangu, ukaona bora uishike kamera vizuri."

Uso ulimwaka Delfin mpaka masikioni. Alikumbuka nani alimwinua Mirasol siku ile: jirani mmoja mwenye mguu mbovu, aliyeitupa fimbo yake ili apate mikono miwili.

Kesho yake akatuma ujumbe: "Nimekikata kile kipande. Manila wameikataa filamu."

Jibu likaja jioni: "Kama umekata ili nirudi kwako, kirudishe."

"Nimekata kwa sababu naona aibu kukiangalia."

Hakujibiwa.

Mwaka wa msiba ulipotimia, familia ikavua nguo nyeusi na kuwapikia majirani. Delfin alifika jua halijapanda, bila kamera. Akamenya vitunguu saumu, akapanga viti, akakoroga uji wa mchele na kuku, tangawizi ikamwasha macho. Nanay Consing, mama yake Mirasol, alimtazama weee.

"Kumbe mikono unayo, kijana," alisema. "Sisi tulidhani ni miguu ya kamera."

Wanawake wakacheka. Yeye akazidi kuinamia sufuria.

Baadaye Mirasol akamletea bakuli la uji, wakakaa ngazini.

"Siku ile ulikuwa unawaza nini?"

"Niliogopa. Nikiwa nyuma ya kamera mambo hayanifikii. Nikakuachia wewe yote."

Mirasol akamsogezea limau. "Kula, unapoa."

Siku ya harusi yao, kiti cha marehemu baba kiliachwa kitupu kanisani, juu yake kofia yake ya ukindu. Mpiga picha wa kukodi alikipita. Nanay Consing akampa Delfin simu yake, akamwomba ampigie picha ya kile kiti.

Mikono ikamtetemeka. Picha ikatoka na ukungu, kofia moja kama mbili. Rafiki zake wa filamu wakamtania, wakamwambia afute apige nyingine.

"Hakuna kufuta," Mirasol alisema, akaichukua ile simu.

Ndiyo picha pekee ya harusi iliyotundikwa sebuleni kwao.